Lafudhi na Uhusika: Usanii wa Mzee Ojwang' katika "Vitimbi"

Wahakiki wa sanaa za maonyesho za Kiswahili wameipa tamthilia iliyochapishwa nafasi kubwa, ilhali mchezo wa televisheni umeachwa kando kana kwamba si fasihi. Upungufu huo waonekana wazi katika kazi ya marehemu Benson Wanjau, aliyefariki Nairobi tarehe 12 Julai 2015 akiwa na umri wa miaka 78. Kwa muda wa miaka zaidi ya 30 watazamaji wa televisheni ya taifa walimjua kwa jina la Mzee Ojwang' Hatari, mume wa Mama Kayai, mhusika aliyeigizwa na Mary Khavere.

Wanjau alikuwa Mkikuyu. Ojwang' ni Mjaluo. Jambo hili si dogo kwa mwanaisimu. Kijaluo hakina sauti z, v wala sh; kwa hiyo "shida" huelekea kuwa "sida" na "mzee" kuwa "msee". Gikuyu nacho hakina l, na kosa linalotarajiwa kwa msemaji wake ni kuigeuza l kuwa r. Ili Ojwang' aaminike, ilimpasa Wanjau auzuie mwelekeo wa lugha ya mama na kuushika wa jirani. Watazamaji wengi walimdhania Mjaluo halisi. Huo ni ushahidi wa sikio lililofunzwa na jamii, wala si wa kipaji kitupu.

Hata hivyo, uigaji wa lafudhi una hatari yake. Vichekesho vinavyotegemea matamshi peke yake huligeuza kabila zima kuwa kikaragosi. Wapo waigizaji wa Kenya waliotumbukia katika mtego huo. Wanjau mwenyewe hakuuepuka kila mara. Lakini katika michezo yake bora, kicheko hakitoki katika s iliyochukua nafasi ya sh; chatoka katika ukaidi wa baba anayetaka kutii asikotiiwa, na katika majigambo yanayovunjwa na jibu fupi la mkewe. Ukiondoa lafudhi, mgogoro wa nyumba hubaki. Hicho ndicho kipimo cha uhusika.

Nguvu ya mhusika huyu yaeleweka vizuri zaidi katika mitaa ya Eastlands kama Mowlem, Umoja na Kariobangi Kusini, ambako wapangaji wa makabila mbalimbali hutenganishwa na ukuta mmoja. Huko kila mtu ana lafudhi, na hakuna Kiswahili kisicho na asili ya msemaji wake. Shuleni mtoto husahihishwa matamshi; jioni humsikia Ojwang' akikosea, na bado aeleweka, abishana, na yu mzee wa nyumba yake. Kiswahili sanifu hakidhuriwi na ukweli huo. Kinachodhuriwa ni dhana kwamba asiyetamka sawasawa hana la kusema.

Katika miaka yake ya mwisho msanii huyu alisumbuliwa na macho, na wahisani wakamchangia gharama za matibabu. Umma ulitambua deni lake. Idara za Kiswahili bado zinadaiwa: kuinukuu michezo hii katika maandishi, kuainisha lafudhi zake, na kuifundisha pamoja na tamthilia. Kanda zikichakaa kabla ya kazi hiyo kufanywa, historia ya Kiswahili cha Kenya itakosa sura ambayo haikuandikwa kitabuni.