Kubadili Hali ya Mchezo katika Minecraft: Swali kwa Mipango ya Mji wa Rusizi
Tangu 2012, UN-Habitat, yenye makao makuu Nairobi, na kampuni ya Mojang zimeutumia mchezo wa Minecraft kuwashirikisha wakazi katika usanifu wa maeneo ya umma, Kibera ikiwemo. Hali ya ubunifu huirahisisha kazi hiyo: matofali hayaishi, mchezaji huruka na hadhuriki. Kwa Rusizi, mojawapo ya miji ya daraja la pili nchini Rwanda, inayoteremka milimani hadi Ziwa Kivu, urahisi huo unapotosha. Anayeruka hahitaji ngazi.

Mchezo ukibadilishwa kuwa hali ya kunusurika, anayeanguka zaidi ya matofali matatu huumia, na mazimwi wanaozuka gizani humshambulia. Ndipo mkazi anapoona mahali pasipo ngazi wala taa. Ila amri ya kubadili hali imo mikononi mwa msimamizi wa seva. Warsha isiyomkabidhi mkazi amri hiyo humwachia kupamba tu.

Hata hali ya kunusurika isisifiwe mno. Mchanga na changarawe huporomoka, lakini udongo na mawe huning'inia hewani. Katika mji uliotikiswa na tetemeko la Februari 2008, uimara wa ukuta wa kuzuia udongo haupimwi kwa mchezo huu, hata ukibadilishwa hali mara ngapi. Hapo huitwa mhandisi, tena kabla mchoro haujapigiwa makofi.