Kiyoyozi Katika Nyumba Iliyojengewa Upepo

Fundi wa Marekani anapoitwa kuongeza kiyoyozi kwenye nyumba yenye tanuri la kupasha joto, nusu ya kazi huikuta imeshafanywa. Mifereji ya bati inayopeleka hewa vyumbani ipo, na feni ya kuisukuma ipo. Hupachika koili juu ya tanuri, huweka kompresa nje, huviunganisha kwa mabomba ya shaba, kisha hutoa bomba la kumwaga maji. Tatizo huja baadaye: mifereji iliyozoea hewa moto ikipitishiwa hewa baridi hutoka jasho, na isipovishwa sufi na kuzibwa viungo, dari huoza. Kumbe kazi ya kiyoyozi si baridi tu, ni kukamua maji hewani. Ndiyo maana mtambo wa Willis Carrier wa 1902, Brooklyn, ulibuniwa kudhibiti unyevu katika kiwanda cha uchapaji.

Moa, pwani ya Mkinga, hakuna tanuri wala mifereji, lakini nyumba ina mfumo wake wa hewa: matofali ya matundu juu ya madirisha, mwanya kati ya ukuta na bati, madirisha yanayotazamana ili kusi na kaskazi zipite. Mfumo huo ni mzuri, na ndio unaoishinda mashine ya kiyoyozi. Tuchukue chumba cha mita 3 kwa 4, urefu wa kwenda juu mita 3, na hewa ya nje ya nyuzi 30 yenye unyevu wa asilimia 80. Kila mita moja ya ujazo wa hewa hiyo inayopenya huingia na takriban gramu 12 za maji ya kuondolewa ili mtu alale vizuri. Hewa ikibadilika mara 5 kwa saa, ni zaidi ya lita 2 za maji kila saa. Kuzikamua hizo pekee hula karibu asilimia 40 ya nguvu ya mashine ya BTU 12,000, kabla hata joto la bati halijaguswa.

Wapo wanaosema dawa ni mashine kubwa. Sikubaliani nao. Chumba kikishazibwa, mashine kubwa hushusha joto upesi na kuzima kabla ya kukausha hewa. Unabaki na baridi yenye unyevu, shuka zinanata. Chumba kisipozibwa, umeme wa Luku unaisha usiku kwa usiku. Wengine wanahofia, na wana haki, kwamba kuziba matundu kunaiua nyumba. Basi usizibe nyumba nzima. Chagua chumba kimoja cha kulala, weka dari chini ya bati, ziba mwanya na matofali yake, na madirisha yafunguliwe mchana. Vyumba vingine viachiwe upepo na feni.

Kwa hiyo, kabla ya kulipia mashine, mwite fundi wa dari kwanza. Na kwa kuwa chumvi ya bahari hula mapezi ya alumini, kitengo cha nje kioshwe kwa maji yasiyo na chumvi mara kwa mara.