Jina "Jelani" na Maana Lililovikwa: Uhakiki wa Etimolojia Moja ya Vitabu vya Majina

1. Suala lenyewe

Tangu miaka ya 1970 baadhi ya familia za Wamarekani weusi zimekuwa zikiwapa watoto wa kiume jina la Jelani. Wapo pia waliolichukua wenyewe ukubwani. Mwandishi na mwanahistoria Jelani Cobb, aliyezaliwa New York mwaka 1969, alipewa na wazazi wake majina ya William Anthony. Jelani aliliongeza mwenyewe baadaye. Mwaka 2018 jina hilo lilionekana pia kwenye mabango ya jumba la maonyesho la Broadway, kwa kuwa mwigizaji Jelani Alladin alikuwa miongoni mwa wahusika wakuu wa tamthilia ya Frozen.

Vitabu vya majina vinavyouzwa kwa wazazi hulieleza jina hili kwa maneno machache mno: kwamba ni neno la Kiswahili, na kwamba maana yake ni "mwenye nguvu" au "mkuu". Maelezo hayo yamenakiliwa kutoka kitabu hadi kitabu, hata yakapata heshima ya ukweli usiohitaji shahidi. Msemaji wa Kiswahili anayeyasoma, awe wa Lubumbashi, wa Kindu, wa Bagamoyo au wa Unguja, hushangaa. Mtu mwenye nguvu kwake ni hodari, shupavu, shujaa, jabari. Akitaka kumtukuza zaidi atasema ni adhimu. Hakuna anayesema "mtu jelani".

Makala haya yanachunguza umbo la jina, njia lililopitia na fasili lililobandikwa. Hoja inayotetewa ni moja: maana iliyotangazwa haina msingi, lakini dai la Uswahili wa jina halistahili kutupwa pamoja nayo, tena historia ya kweli ya jina inawafaa wenye jina kuliko tafsiri waliyouziwa.

2. Jina katika mizani ya sarufi

Kama "Jelani" lingekuwa nomino au kivumishi cha kawaida cha Kiswahili, lingepaswa kukubali kuchambuliwa. Mchambuzi akijaribu, uchambuzi unaojitokeza upesi ni mmoja tu, nao ni wa kusikitisha: jela + -ni, yaani neno la kukopa lenye asili ya Kiingereza likifuatwa na kiambishi tamati cha mahali. Kwa uchambuzi huo, jelani ni "ndani ya gereza". Ni kweli kwamba wasemaji wengi huridhika na kusema "yuko jela" bila kiambishi, lakini umbo lenye -ni nalo husikika. Mkazo hautoi msaada wowote hapa, kwani Kiswahili huuweka kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na Wamarekani nao hulitamka jina hilo kwa mkazo uleule. Nchini Tanzania na Kenya, basi, mwenye jina anaweza kukutana na tabasamu asilolielewa.

Katika Kongo mgongano huo ni hafifu. Msemaji wa Katanga hutumia "buloko" au "gereza". Jela si neno la vinywa vyake. Jambo hili dogo linafundisha kwamba maana inayosikika ndani ya jina hutegemea mahali linaposikiwa, na kwamba mfanano wa sauti si asili. Anayesema kwa kejeli kwamba Jelani maana yake ni "kifungoni" anakosea kama anayesema kwamba maana yake ni "mwenye nguvu". Wote wawili wamelichukulia jina la pekee kama neno la kamusi.

3. Kutoka Gilan hadi Baghdad

Jelani ni nisba, yaani jina linalomhusisha mtu na mahali alikotoka. Mahali penyewe ni Gilan, jimbo la Uajemi lililo kando ya Bahari ya Kaspi. Huko ndiko alikotoka Abdulkadiri, aliyezaliwa yapata mwaka 1077, akaenda Baghdad kusoma, akawa mwanachuoni wa madhehebu ya Hanbali na mhubiri mashuhuri, akafariki mjini humo mwaka 1166. Tarika ya Kadiria inanasibishwa naye, na kwa kupitia wafuasi wake jina la jimbo moja la Uajemi limezunguka dunia.

Sauti za jina zilibadilika njiani. Kiarabu fasihi hakina g ya Kiajemi, kwa hiyo Gilan ikawa Jilan. Na pamoja na Jilani yakatumika pia maumbo ya Jaylani, Kaylani na Gaylani. Umbo la mwisho linafahamika katika siasa ya Iraki kwa jina la Rashid Ali al-Gaylani, aliyekuwa waziri mkuu wakati wa msukosuko wa 1941. Basi swali la mwanaisimu ni hili: irabu e ya Jelani imetoka wapi?

Jibu limo katika kanuni inayojulikana vyema na kila anayesoma maneno ya mkopo ya Kiswahili. Mfuatano ay wa Kiarabu aghalabu hugeuka e. Shaykh amekuwa shehe, khayr imekuwa heri, shaytan amekuwa shetani. Majina ya watu yanafuata mkondo huohuo: Husayn akawa Huseni, Sulayman akawa Selemani, Sayf akawa Sefu. Huyu wa mwisho hahitaji kutambulishwa kwa msomaji wa Kongo, kwa kuwa Sefu, mwana wa Hamed bin Muhammed aliyeitwa Tippu Tip, aliuawa mwaka 1893 katika vita dhidi ya majeshi ya Dola Huru ya Kongo. Jaylani kuwa Jelani, basi, ni jambo la kawaida kabisa katika sarufi ya sauti za Kiswahili.

Hata hivyo, ushahidi wa sauti usikuzwe kupita kiasi. Kihausa nacho kinalo jina Jelani, kama inavyoonekana kwa Jelani Aliyu, mzaliwa wa kaskazini mwa Nijeria aliyepata sifa kwa kubuni gari la Chevrolet Volt. Lugha hiyo nayo humwita shaykh "shehu", na Kadiria ndiyo tarika aliyoifuata Usman dan Fodio, mwanzilishi wa dola ya Sokoto. Kwa hiyo irabu e inathibitisha kwamba jina lilipita katika vinywa vya Waafrika. Peke yake haithibitishi kwamba vinywa hivyo vilikuwa vya Waswahili tu. Lakini vitabu vya Marekani vyenyewe vililiweka jina chini ya Kiswahili, na hakuna kitu katika umbo lake kinachopinga uwekaji huo.

4. Kadiria pwani na bara

Jina halikufika Afrika ya Mashariki kwa biashara ya kamusi. Lilikuja na dhikiri. Katika nusu ya pili ya karne ya 19, Sheikh Uways bin Muhammad wa Barawa (1847-1909) alieneza Kadiria katika pwani ya Somalia na Unguja, ambako alipata kibali cha Sultani Barghash. Kutoka visiwani tarika ilivuka kuingia bara, ikafuata njia zilezile za misafara kuelekea Tabora, Ujiji na nchi zilizo ng'ambo ya ziwa Tanganyika. Waislamu wa Maniema waliipokea kwa njia hiyo, na utawala wa Kibelgiji uliwatazama wafuasi wake kwa jicho la shaka.

Mtu mmoja anaikusanya historia hiyo yote katika maisha yake. Sheikh Ramiya wa Bagamoyo alitoka Manyema, upande wa Kongo, akafikishwa pwani akiwa mtumwa mtoto katika nyumba ya Mwarabu tajiri wa ukoo wa Lamki. Alisoma, akapata uhuru, akawa mwanachuoni na khalifa wa Kadiria, na alipofariki mwaka 1931 alikuwa ameifanya Bagamoyo kuwa mojawapo ya vituo vikuu vya tarika hiyo katika Tanganyika. Mji uliompokea akiwa mali ya mtu ulimzika akiwa kiongozi wake.

Mfano huu si pambo. Ustaarabu wa pwani ulipima watu kwa nasaba, na nasaba njema ilikuwa ile ya kudai mababu wa Uarabuni. Kadiria ilifungua mlango mwingine: silsila, mnyororo wa walimu na wanafunzi unaorudi hadi kwa Abdulkadiri. Mtumwa aliyenyang'anywa baba, ukoo na kijiji aliweza kuingia katika mnyororo huo na kupata ndani yake ukoo wa roho ambao hakuna bwana aliyeweza kumnyang'anya. Anayemwita mtoto Jelani katika mazingira hayo hatafsiri sifa yoyote. Anamkumbuka mwalimu, na anamweka mtoto chini ya baraka yake.

5. "Mwenye nguvu" ilivyopatikana

Jina lilifika Marekani katika kipindi kilichokuwa na haja yake. Mwaka 1966 Maulana Karenga alianzisha sikukuu ya Kwanzaa na kuzipa kanuni zake saba majina ya Kiswahili: umoja, kujichagulia, ujima, ujamaa, nia, kuumba, imani. Azimio la Arusha la mwaka 1967 liliipa lugha hiyo fahari ya kisiasa. Ni kweli kwamba mababu wa Wamarekani weusi walitekwa zaidi katika Afrika ya Magharibi na ya Kati, Kongo ikiwemo, na si katika pwani ya Waswahili. Lakini Kiswahili kilipendwa kwa sababu hakikuwa mali ya kabila moja. Ndipo vilipochapishwa vitabu kama kile cha Ogonna Chuks-orji, kilichotolewa Chicago mwaka 1972, vikiwa na orodha za majina ya Kiafrika, matamshi yake na maana zake.

Kasoro ya aina hii ya vitabu iko katika muundo wake. Kila jina lazima lipewe lugha moja na neno moja la maana. Muundo huo unafaa kwa Baraka au Zawadi, ambayo ni nomino zilizo hai. Unafaa kiasi kwa Jabari, ambalo katika asili yake ya Kiarabu ni mojawapo ya sifa za Mungu, hata Muislamu akitaka kulitumia kwa mtu husema Abdul-Jabbar, mtumwa wa Jabari. Kwa nisba haufai kabisa, kwa sababu nisba humwelekeza msikilizaji kwa mahali na kwa mtu. Nafasi ya "maana" ikibaki tupu, lazima ijazwe. Dhana iliyo karibu zaidi ni kwamba ilijazwa kwa kuchanganya Jelani na jirani zake wa sauti: jabari lililotajwa, na jalali, neno la utukufu wa Mungu linalojulikana katika mashairi ya Kiswahili. Yote matatu huanza kwa j, yote huishia kwa i, na mawili kati yake yanahusu uwezo na utukufu.

6. Tahadhari kwa wasomi wa Kongo

Ingekuwa rahisi kuwacheka Wamarekani, lakini Kongo imewahi kupita karibu na shimo hilohilo. Mwaka 1972, katika siasa ya uhalisi, majina ya Kikristo yalikatazwa na raia wakatakiwa kujiita kwa majina ya asili ya nchi. Katika maeneo ya Kiswahili wapo wanaoitwa Bahati, Amani na Riziki, na hakuna anayeyaona majina hayo kuwa ya kigeni. Hata hivyo amani na riziki ni za Kiarabu, na bahati chimbuko lake ni Kiajemi, kama ilivyo kwa Gilan. Je, mtoto wa Bukavu aitwaye Bahati ana jina la kigeni? Hapana. Jina ni la wale waliolilea, wakalitamka kwa kanuni za lugha yao na kuwazika wafu wao nalo. Kwa kipimo hicho Jelani ni jina la Kiswahili, ingawa si neno la Kiswahili. Tofauti hiyo ndiyo waandishi wa vitabu vya majina waliyoikosa, na ndiyo inayopaswa kufundishwa katika somo la onomastiki.

Mwalimu wa Kiswahili akiulizwa na mwenye jina hili, asimrudishie "mwenye nguvu" kwa kuogopa kumvunja moyo, wala asimtanie kwa habari ya jela. Amweleze kwamba jina lake lilitoka Gilan, likatukuzwa Baghdad, likafinyangwa na ndimi za Waafrika, likabebwa na watu ambao baadhi yao, kama Sheikh Ramiya wa Manyema, waliletwa sokoni wakiwa watumwa na wakafa wakiwa walimu. Kwa mjukuu wa watumwa, habari hiyo inazidi uzito wa sifa yoyote inayoweza kuandikwa mbele ya jina katika orodha.