Ahadi ya wimbo si kiapo cha ndoa

Mwezi Aprili 2023 nilihudhuria harusi ya mpwa wangu. Maharusi waliingia ukumbini wakicheza wimbo wa Kihispania uitwao "Beso", yaani busu. Wazee tuliokaa meza ya mbele tukaulizana, "Wanasema nini hawa?" Vijana wakatuambia tusijali, ati ni mapenzi tu. Miezi mitatu baadaye mpwa wangu akanipigia simu. "Mjomba, wale walioimba wimbo wetu wameachana! Hiyo si nuksi?" Alikuwa akicheka, lakini namjua tangu utotoni, kicheko kile kilikuwa na woga ndani yake. Nilimwambia anipe muda nifikiri. Makala haya ndiyo jibu langu, ingawa limechelewa.

Waimbaji wenyewe ni Rosalía, Mhispania kutoka Catalonia, na Rauw Alejandro wa Puerto Rico. Walikuwa wapenzi, na dunia nzima ilijua. Tarehe 24 Machi 2023 walitoa albamu fupi waliyoiita "RR", herufi za kwanza za majina yao. Ina nyimbo tatu: "Beso", "Vampiros" na "Promesa". Mwishoni mwa video ya "Beso" Rosalía anaonyesha pete ya uchumba. Kufikia mwisho wa Julai mwaka huo huo, uchumba ulikuwa umevunjika.

Muziki huu huitwa regetoni. Mdundo wake ulitoka Jamaika, ukapitia kwa waimbaji wa Kihispania wa Panama, kisha ukashika mizizi kwa vijana wa mitaa ya Puerto Rico katika miaka ya 1990. Mnamo 1995 polisi wa kisiwa hicho walivamia maduka ya muziki na kutwaa kanda zake, wakidai zilipotosha maadili. Leo muziki huo unaingiza maharusi ukumbini mbele ya wazee! Basi tusiuhukumu kwa haraka kwa sababu tu ni wa vijana.

Hata hivyo, mhakiki hana budi kusema analoliona. Niliposikia kwamba "Beso" ni wimbo wa watu wawili, nilitarajia majibizano. Katika ushairi wetu wa Kiswahili, wawili wakikutana katika utungo mmoja huwa pana jambo: huyu hufunga fumbo, yule hulifumbua, huyu hulalama, yule hujitetea. Katika "Beso" hakuna fundo la kufungua. Yeye anamkosa mwenzake, na mwenzake anamkosa yeye. Nafsi neni ni moja iliyogawanywa midomo miwili. Sauti, kwa kweli, ni tamu. Rosalía alisomea uimbaji wa flamenko hadi chuo cha muziki, na huweza kuivuta silabi moja katika noti nyingi. Rauw naye huilainisha sauti yake hadi ikawa kama mnong'ono. Zinasukana vizuri kama ukili. Lakini maneno ni mepesi, na ndiyo sababu wimbo ulihitaji pete. Tamthilia yake haimo katika matini, imo katika habari za waimbaji.

Hebu tulinganishe na "Malaika". Hadi leo watu wanabishana kuhusu ni nani hasa aliyeutunga wimbo huo, na wengi wetu hatujui msichana aliyeimbiwa alikuwa nani. Hilo halijaupunguzia utamu hata chembe. Kwa nini? Kwa sababu kizuizi kimo ndani ya wimbo wenyewe: kijana anapenda, anataka kuoa, hana mali. Yeyote aliyewahi kupiga hesabu ya mahari huku mfuko ni mtupu anaelewa. Wimbo wa namna hiyo haumtegemei mtunzi ili uishi.

Sasa tuje kwa "Promesa", maana yake ahadi. Hapa mambo yananoga. Mwanafalsafa J.L. Austin, katika kitabu chake cha 1962 kuhusu vitendo vya lugha, alieleza kwamba kuna maneno ambayo kuyasema ni kutenda. Anayesema "naahidi" hatoi taarifa. Anaahidi pale pale. Lakini Austin akaongeza kwamba maneno hayo yakitamkwa na mwigizaji jukwaani, au yakitiwa katika shairi, huwa matupu kwa namna ya pekee. Hayamfungi msemaji. Je, wapenzi wa kweli wanapoahidiana ndani ya wimbo, mbele ya mamilioni ya wasikilizaji, wanaahidi au wanaimba?

Mimi nasema wanaimba. Mwanafunzi wangu mmoja wa uzamili alipinga; alidai kwamba uchumba ulipovunjika wimbo uligeuka uongo. Sikubali. Hakuna neno hata moja lililobadilika. Kilichobadilika ni sisi wasikilizaji, tunaojua yaliyofuata. Kwa maoni yangu "Promesa" imepata uzito ambao haikuwa nao siku ilipotoka. Zamani ilikuwa furaha ya wawili. Sasa ina kinaya. Kila anayeisikiliza anajua jambo ambalo sauti zile mbili bado hazijalijua, na moyo unamuuma kidogo. Ajabu ni kwamba kuachana kuliupa wimbo huo lile fundo ambalo watunzi hawakulitia.

Basi, mwanangu, jibu ni hili. Wimbo haukuwa kiapo chenu. Kiapo mlikila asubuhi ile mbele ya mashahidi, bila ngoma, na wewe ulitetemeka hadi mama yako akakushika kiwiko. Maneno yale hayakuwa matupu, kwa sababu hamkuwa mkiigiza. Hayo ndiyo yanayowafunga, wala Rosalía na Rauw hawana mkono ndani yake. Wimbo uendelee kupigwa nyumbani kwenu, mkicheza na kujua kwamba waliouimba hawakufika mbali. Mkigombana, msinyamaze. Jibizaneni. Hilo ndilo lililokosekana katika "Beso".