Ustaarabu na Upori katika Filamu Bubu ya Nanook of the North

Filamu bubu ya Nanook of the North, iliyoongozwa na Robert Flaherty na kuoneshwa kwa mara ya kwanza mwaka 1922, huhesabiwa miongoni mwa misingi ya filamu za hali halisi. Inasawiri maisha ya familia ya Kiinuit kaskazini mwa Quebec, nchini Kanada, kama pambano la binadamu dhidi ya baridi, njaa na wanyama. Hata hivyo, uchunguzi wa fani na maudhui unadhihirisha kuwa upori wa filamu hii, kwa kiasi kikubwa, ulitengenezwa kwa ajili ya kamera.

Mhusika Nanook aliigizwa na mwindaji aitwaye Allakariallak. Wakati huo Wainuit wa eneo hilo walikwisha kuzoea bunduki, lakini katika tukio la kuwinda walrasi, mnyama wa baharini mwenye meno marefu, wanaonekana wakitumia chusa. Nyumba ya theluji nayo ilijengwa kubwa kupita kawaida na kuachwa wazi upande mmoja ili kamera ipate mwanga. Watetezi wa Flaherty hujibu kuwa alikusudia kuhifadhi desturi zilizokuwa zikitoweka. Hoja hiyo ina uzito, kwani chusa ilikuwa silaha ya mababu, na baridi haikuigizwa.

Utetezi huo unakwama katika tukio la gramafoni. Katika kituo cha biashara ya ngozi, Nanook anaoneshwa mashine hiyo, anacheka, kisha anaing'ata sahani ya muziki. Hapa hakuna desturi ya kale inayohifadhiwa, kwa kuwa kituo chenyewe ni cha wakati wa filamu. Kinachojengwa ni mshangao wa "mshenzi" mbele ya mstaarabu. Ububu wa filamu unaukoleza mshangao huo: Nanook hasikiki, na maandishi ya kwenye skrini ndiyo yanayomsemea.

Kinaya kikubwa kimo nje ya picha. Filamu ilifadhiliwa na Revillon Frères, kampuni ya biashara ya manyoya, na Wainuit ndio waliomsaidia Flaherty katika kazi za kiufundi. Waliosawiriwa kama wasioijua mashine walishiriki kuiendesha mashine iliyowasawiri. Uhakiki unaoishia kusifu uzuri wa theluji na ushujaa wa mwindaji huwanyang'anya ufundi huo kwa mara ya pili.