Kosa au Tofauti?

Biolojia ya siku hizi inasomwa kwa herufi nne: A, C, G na T. Kila moja inasimama badala ya kemikali mojawapo kati ya zile zinazojipanga kwa mfululizo ndani ya vinasaba, kuanzia vya bakteria hadi vya nyangumi. Tangu mashine za kusoma vinasaba zishuke bei, maabara moja inaweza kutoa kwa wiki herufi ambazo mtu hatazimaliza kwa macho hata akijaaliwa umri wa miaka mia. Wapo mafundi ambao kazi yao ni kuzipokea herufi hizo na kuzitolea maana, na fani yao ni bayoinfomatiki. Hawaingii msituni kunasa mbu, hawashiki bomba la sindano, na mgonjwa aliyenufaika na kazi yao hatawajua kwa sura. Watu huwasifu kwa kasi ya kompyuta zao. Mimi nawasifu kwa jambo jingine: wameifanya shaka kuwa ufundi.

Tuanze na kile wanachokipokea. Faili linalotoka kwenye mashine ni maandishi matupu, na kila kipande cha kinasaba kilichosomwa kina mistari minne. Wa kwanza ni jina la kipande. Wa pili ni herufi zenyewe, mara nyingi 150 hivi. Wa tatu una alama ya kujumlisha. Wa nne, kwa asiyeuzoea, ni vurugu tupu: F, F, F, nukta mbili, F, koma, F, alama ya reli. Kumbe mstari huo ndio roho ya faili. Kila alama ni maksi ambazo mashine imejipa kwa herufi iliyo juu yake. F ni maksi 37, yaani uwezekano wa herufi hiyo kuwa ya uongo ni kama 1 kati ya 5,000. Koma ni maksi 11; katika herufi kumi na mbili au kumi na tatu zenye koma, moja yaelekea imekosewa. Alama ya reli ni maksi 2, na hapo mashine inakiri kwamba inakaribia kubahatisha. Mfumo huu wa maksi ulitokana na programu iitwayo Phred, ambayo Brent Ewing na Phil Green wa Chuo Kikuu cha Washington waliieleza mwaka 1998. Ni nadra chombo kukiri udhaifu wake herufi kwa herufi namna hiyo, na fundi anayeuruka mstari wa nne ameyatupa maungamo hayo kapuni.

Sasa ipigwe hesabu. Jenomu, yaani jumla ya vinasaba vyote, ya Plasmodium falciparum, kimelea kinacholeta malaria kali, ilichapishwa mwaka 2002: herufi takriban milioni 23, kromosomu 14, jeni 5,300 hivi. Mashine inayokosea mara 1 katika herufi 1,000 ikiisoma jenomu hiyo mara moja tu, itaacha makosa 23,000. Humo ndimo linamojificha badiliko la kweli la herufi moja, lile linalokipa kimelea uwezo wa kustahimili dawa. Kwa sura, badiliko hilo na kosa la mashine ni pacha: palipotarajiwa G pana A. Aliyewahi kuchagua mchele wenye mawe meupe anaijua taabu hii. Macho peke yake hayatoshi, lazima vidole navyo vipite.

Kinga ya kwanza ya fundi ni methali: penye wengi hapaharibiki neno. Mahali pamoja pa jenomu husomwa na vipande thelathini, hamsini, hata mia. Kosa la bahati mbaya hukipata kimoja; hamsini havikosei pamoja kwa namna ileile. Arobaini na tisa vikisema G na kimoja kikasema A, hicho kimoja hupuuzwa. Vyote vikisema A, pana jambo. Je, vikigawanyika thelathini kwa ishirini? Katika damu ya mgonjwa wa malaria hilo si ajabu, kwani mtu mmoja anaweza kubeba koo mbili au tatu za vimelea kwa wakati mmoja.

Na hapo methali yenyewe inahitaji tahadhari, maana wengi nao wanaweza kukosea kwa pamoja. Vinasaba mara nyingi hurudufiwa maabara kabla ya kusomwa, na kosa likiingia katika nakala za mwanzo hurithiwa na uzao wote. Kimelea hiki pia kina jeni takriban 60 za familia iitwayo var, zinazofanana kiasi kwamba kipande cha moja hupachikwa kwenye nyingine, kisha programu ikatangaza badiliko ambalo halipo. Tena asilimia 80 hivi ya jenomu yake ni A na T, kwa hiyo zipo sehemu zinazojirudiarudia ambamo mashine na programu zote huteleza. Fundi hodari huzijua sehemu hizo. Huziendea kwa hadhari, au huziacha kabisa na kuandika wazi kwamba ameziacha.

Kielelezo bora ninachokijua cha ufundi huu kilianza na kimelea cha asili ya Tanzania, kikapitia Ufaransa na kuishia Kambodia. Maabara moja mjini Toulouse ilikuwa ikifuga ukoo wa kimelea hicho, uitwao F32. Watafiti waliugawa ukoo pande mbili. Upande mmoja waliupa artemisinini, dawa ambayo ndiyo msingi wa dawa mseto tunazomeza, wakazidisha dozi taratibu kwa miaka 5. Upande wa pili waliulea bila dawa kwa muda uleule. Hekima iko kwenye upande huo wa pili. Vimelea hubadilika kwa kupita tu kwa wakati, na mtafiti asiye na ndugu wa kulinganisha angedhani kila badiliko limeletwa na dawa. Jenomu za pande zote zikasomwa, kila mahali mara mamia. Familia za jeni zenye utata zikawekwa kando. Katika mamilioni yale ya herufi yakabaki mabadiliko 8, ndani ya jeni 7.

Hawakushangilia bado. Walirudi kwenye sampuli walizokuwa wakizihifadhi njiani, wakauliza kila badiliko lilizuka lini. Moja, lililo katika jeni ya kromosomu ya 13 inayoitwa K13, lilizuka wakati kimelea kilipoanza kunusurika na dawa. Ndipo wakaitazama jeni hiyohiyo katika vimelea kutoka Kambodia, ambako madaktari walikuwa wameona dawa ikichelewa kusafisha damu ya wagonjwa. Huko nako K13 ilikuwa imebadilika, ingawa mahali pengine pa jeni. Matokeo yalichapishwa mwaka 2014, na tangu hapo K13 ndiyo inayochunguzwa kwanza popote dawa inaposhukiwa kuchoka.

Miaka 6 baadaye zamu ikafika kwetu. Mwaka 2020 Aline Uwimana na wenzake walieleza kwamba vimelea vya Rwanda vilikuwa na badiliko katika nafasi ya 561 ya protini ya K13. Herufi CGT zilikuwa zimegeuka CAT, hivyo badala ya asidi amino ya arginini protini ikapata histidini. Katika eneo la Masaka, humohumo Rwanda, walilikuta kwa wagonjwa 19 kati ya 257. Badiliko hilohilo lilikuwa limeonekana Asia ya Kusini-Mashariki, basi swali likawa: je, limesafiri au limezaliwa hapa? Herufi moja haiwezi kujibu, kwa kuwa koo mbili zisizojuana zinaweza kupata badiliko moja kila mmoja kivyake. Wachambuzi wakaangalia majirani, yaani herufi zilizoizunguka jeni hiyo huku na huku. Badiliko lililosafiri hubeba ujirani wa kwao. Hili lilikuwa na ujirani wa Kinyarwanda.

Jibu hilo lina uzito kwa wizara ya afya. Usugu unaoingia kwa wasafiri hutafutiwa dawa mipakani. Usugu unaozaliwa nyumbani hutulazimisha kuangalia namna tunavyotumia dawa wenyewe. Mwaka 2024 timu iliyoongozwa na Deus Ishengoma wa Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu, NIMR, ilichapisha ushahidi wa usugu wa sehemu dhidi ya artemisinini mkoani Kagera, ng'ambo tu ya mpaka wa Rwanda, na badiliko la 561 likiwamo. Dawa mseto bado inatibu, kwa kuwa dawa mwenza iliyomo ndani yake humalizia kazi. Lakini onyo limefika mapema, na limefikishwa na watu waliosoma herufi tatu kwa uangalifu.

Fani hii ni kongwe kuliko mashine zake. Mwaka 1965, vinasaba vikiwa bado havijaanza kusomwa, mkemia wa Kimarekani Margaret Dayhoff alitoa kitabu kilichokusanya mfuatano wa protini 65 zilizokuwa zikijulikana. Ni yeye aliyezipa asidi amino majina ya herufi mojamoja yanayotumika hadi leo. Kubwa zaidi, yeye na wenzake walihesabu ni asidi zipi hubadilishana mara kwa mara kati ya viumbe wenye nasaba moja na zipi hubadilishana kwa nadra. Kwa hesabu hiyo tofauti zikaacha kuwa sawa: ipo ndogo ambayo maumbile huivumilia, na ipo inayotikisa protini nzima.

Mwaka 1990 ikaja BLAST, programu ambayo mwanabiolojia yeyote ameitumia. Unaipa mfuatano wako, nayo inautafutia ndugu zake katika hifadhi za dunia. Uungwana wake uko kwenye namba inayoambatana na kila jibu. Namba hiyo inakueleza ni majibu mangapi mazuri kiasi hiki ungeyapata kwa bahati tu katika hifadhi yenye ukubwa huo. Ikikaribia sifuri, udugu una uzito. Ikiwa 5, umeambiwa kwa adabu kwamba hujapata kitu.

Shaka hiyo, hata hivyo, inaweza kuelekezwa vibaya. Ili kusoma jenomu ya mtu, vipande vyake hulinganishwa na jenomu ya kielelezo, na sehemu kubwa ya kielelezo cha binadamu kilichotumika kwa miaka mingi ilitoka kwa mtu mmoja wa Marekani. Kipande kisichopata pa kukaa huwekwa kando. Mwishoni mwa 2018 watafiti waliochambua jenomu za watu 910 wenye asili ya Afrika walivikusanya vipande hivyo vilivyokataliwa, wakakuta herufi karibu milioni 300 zisizokuwamo katika kielelezo. Takataka ile ilikuwa urithi wa watu. Fundi anayeshuku sampuli pasipo kushuku kipimo chake amefanya nusu ya kazi.

Upo pia upande ambako kosa lenyewe linageuka ushahidi. Mfupa ukikaa ardhini karne nyingi, vinasaba vyake hukatikakatika, na ncha za vipande hupata uharibifu wa aina maalumu: C husomeka kama T. Kwa sampuli ya damu ya jana huo ni uchafu. Kwa mfupa wa kale ndiyo hati yake, maana vinasaba vya mchimbaji aliyeushika mfupa bila glavu havina alama hiyo. Kwa njia kama hizo ilisomwa mifupa ya watu 80 wa upwa wa Waswahili na bara yake, kutoka miji kama Manda, Mtwapa na Kilwa, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2023, Chapurukha Kusimba na David Reich wakiwa miongoni mwa viongozi wake. Ilionekana kwamba kuanzia karibu mwaka 1000 watu wa upwa walichanganyika na wageni kutoka Asia, wengi wao wanaume wenye asili ya Uajemi, huku upande wa akina mama ukiwa kwa sehemu kubwa wa Kiafrika. Wasimulizi wa pwani na wanahistoria walikuwa wamebishana kwa muda mrefu kuhusu jambo hilo. Mabishano hayajaisha, ila sasa yana kitu kipya cha kukipima.

Isidhaniwe kwamba siku za fundi zote ni za ugunduzi. Nyingi ni za majina ya mafaili, matoleo ya programu na safu zilizohama. Programu ya Excel kwa miaka mingi iliigeuza jeni iliyoitwa MARCH1 kuwa tarehe mosi Machi, na kosa hilo likaingia katika machapisho mengi, hadi mwaka 2020 kamati ya majina ya jeni za binadamu ikaamua ni rahisi zaidi kubadili majina ya jeni kuliko kubadili mazoea ya watu. Sasa inaitwa MARCHF1. Ni kichekesho, lakini kinaonyesha kiwango cha uangalifu unaodaiwa: hata jedwali lisilo na hatia linaweza kusema uongo.

Heshima ya mwisho ya kazi hii ni kwamba hufanywa mlango ukiwa wazi. Programu zake kuu hutolewa bure, na mfuatano uliosomwa huwekwa katika hifadhi za umma ili mwanafunzi wa Kigali, Kilifi au Dar es Salaam aweze kuurudia uchambuzi na kuukosoa. Ndiyo sababu msomaji wa kawaida naye ana haki ndani ya fani hii. Ukiletewa habari kwamba jeni fulani imegunduliwa kusababisha hili au lile, huhitaji kujua kuandika programu ili uulize: mmejuaje kwamba hilo si kosa? Fundi wa kweli atakuwa na jibu lililoandikwa, kwa kuwa alijiuliza kabla yako. Asiye nalo, matokeo yake yasubiri.