Mwasisi Aliyeikana Jana

Waasisi wa kubuniwa hufanana mno. Mmoja hupanda mlimani, mwingine huingia pangoni. Hutoka na sheria, na wanaokuja nyuma yake hupata kazi ya kuzilinda. Wen naye, ambaye mtungaji wa Kiingereza Terry Pratchett (1948–2015) alimpa kisa chake katika riwaya ya Thief of Time ya mwaka 2001, ametoka pangoni. Walakini hakutoka na sheria. Alitoka akistaajabu, wala hakuacha kustaajabu tena. Wapo wasemao kuwa mtu huyu ni dhihaka tu ya masufii wa Mashariki. Mimi naona kinyume chake: Wen ndiye mhakiki mkali kuliko wote wa jamii iliyojiita kwa jina lake.

Msomaji asiyezijua hadithi hizi yampasa kujua machache. Riwaya za Discworld ni 41, zilitoka kati ya mwaka 1983 na 2015, na mambo yake hutendeka katika dunia bapa iliyobebwa na tembo wanne waliosimama juu ya kobe. Huko milimani, katika bonde la Oi Dong, wapo watawa ambao kazi yao ni wakati. Nitawaita tarika, maana wana mkuu wao, wana wanafunzi, na wana njia ya kufuatwa. Ufundi wao ni kuukata wakati, kuurefusha, na kuuhifadhi katika magogo makubwa yazungukayo. Huuchota mahali usipohitajika, mathalan chini ya bahari, wakaupeleka mijini ambako watu hawaishi kulalamikia uchache wake. Ni kazi ya fundi, si ya mchawi. Magogo yakipotewa na ulinganifu, ghala zima huchafuka, na mwanafunzi mwenye mkono mwepesi huhitajika kuliko mwenye kukariri.

Sasa tutazame fundisho lenyewe. Wen ashika kwamba ulimwengu huumbwa upya kila nukta. Jana haipo, ila ipo kumbukumbu ya jana. Na mtu aliyelifahamu hilo hana budi kuipokea kila asubuhi kwa mshangao na furaha. Aliyepita katika darasa la tauhidi atatega sikio hapa, kwa kuwa wanachuoni wa Kiash'ari nao walifundisha kwamba sifa za vitu hazidumu nyakati mbili, bali Mungu huziumba tena na tena. Sidai kuwa Pratchett alijifunza kwao. Tofauti ndiyo yenye faida. Kwa Waash'ari fundisho hilo huthibitisha uwezo wa Muumba, na juu yake hujengwa elimu nzima. Kwa Wen halijengwi kitu. Litamwambia mtu atazame alfajiri iliyo mbele yake, basi.

Lakini kitu kimejengwa! Watawa wana hati za kukunjwa za maneno ya Wen, wana vyeo, wana ghala la wakati, na wameapa kuilinda historia isipotoke. Mwasisi aliikana jana. Wafuasi wamekuwa watunza hazina wa jana. Wala si bahati kwamba katika maandishi ya Pratchett tarika ilimtangulia mwasisi: watawa hao walikwisha onekana katika Small Gods ya mwaka 1992, miaka tisa kabla ya Wen kusimuliwa. Mjukuu amezaliwa kabla ya babu, na babu ameletwa kumuumbua. Mtazame mkuu wao, ambaye hufa na kuzaliwa tena akiwa na kumbukumbu zake zote. Katika riwaya hii ni mtoto mchanga anayeota meno. Huamua mambo ya dunia, kisha hulilia kichezeo. Hapana aliye na jana nyingi kuliko yeye, na jana hizo zote hazimpunguzii maumivu ya ufizi.

Mwenye kumrithi Wen kwa kweli ni Lu-Tze, mzee mfagiaji. Huyu hazitegemei hati. Hunukuu maneno ya Bibi Cosmopilite, mwenye nyumba ya kupangisha katika mji wa Ankh-Morpork, maneno ya kila siku ambayo mama yeyote humwambia mpangaji wake. Wasomaji hucheka, nami nilicheka. Hata hivyo, mtu awezaye kupata hekima katika karipio la mwenye nyumba ndiye anayestaajabu kama Wen alivyostaajabu. Dhihaka ipo, nakubali, na majina ya watawa yamefanyiwa mzaha kupita kiasi; lakini mkuki wake umewaelekea wahifadhi, haukumwelekea mwasisi.

Jina la Wen lampa mfasiri taabu. Tukisema Mwenye Kushangaa Milele, msikilizaji wa Kiswahili atamwona mtu aliyeachama kinywa barabarani, kwani kushangaa kwetu kwapakana na kuduwaa. Kustaajabu ni bora, ingawa nako kumewekewa onyo: ukistaajabu ya Musa, utaona ya Firauni. Methali yamhesabu mstaajabu kuwa mgeni wa mambo, asiyejua makubwa zaidi yajayo. Wen angeikubali methali hiyo yote, kisha angeuliza kuna ubaya gani.

Pale hadithi inaposema kuwa Wen alipenda na kupendwa na Wakati mwenyewe, taabu huzidi. Wazungu wamezoea kumchora Wakati kuwa mzee wa kiume mwenye ndevu, hivyo mwanamke huyu ni pigo kwao. Lugha yetu haina kiwakilishi cha mume wala mke, na pigo hilo litapita bila kishindo mfasiri asipolitamka. Lakini hapa ndipo ninapomlaumu mtungaji. Wakati amezaa mtoto mmoja aliyezaliwa mara mbili, Lobsang na Jeremy, mmoja akalelewa na wezi na mwingine na mafundi saa. Mwisho mtoto huyo aushika uwakati mahali pa mama yake. Kwa tendo kubwa kama hilo, mama amepewa maneno machache mno. Twajua Wen alivyouona wakati. Wakati alivyomwona Wen, mtu wa nukta moja aliyemstaajabia, hatukuambiwa, na kwangu kurasa hizo ndizo zinazokosekana katika kitabu.